Neno «contre-courant»: maana zake, na ginsi ya kulisema kwa Kiswahili

Neno hili limeniletea shida pahali nisipolitazamia, yaani katika hospitali. Mzee mmoja wa parokia yetu alikuwa na ugonjwa wa figo. Figo zake mbili zilikuwa karibu kufa kabisa, na uchafu ambao figo hutoa kila siku ulikuwa umebaki katika damu. Mganga akaamuru damu isafishwe kwa mashini. Infirmie aliyeitunza mashini alikuwa mtu mwema, tena mwenye kujua kazi yake. Lakini alieleza kwa Kifaransa, maana masomo yake yote aliyapata kwa Kifaransa. Alisema kwamba damu inapita ndani ya chujio, na maji ya dawa yanapita nje yake «à contre-courant». Katekista wetu, aliyeketi karibu na jamaa ya mgonjwa, akageuza maneno mbiombio: «Anasema maji yatapigana na damu ya baba.»

Mke wa mzee akasimama. Damu ya mume wake ilikuwa imekwisha kushindwa na ugonjwa. Ya nini kuiletea adui mwingine? Akakataa, na watoto wakubwa wakamfuata mama yao. Siku mbili zikapita hivyo, na mtu wa ugonjwa ule hana siku za kupoteza. Nilipofika siku ya tatu nilikuta mzee amevimba miguu na pumzi inamkatika. Nikaomba nionyeshwe mashini. Nikaitazama, kisha nikamwambia yule mama: «Mama, hazipigani. Zinapishana tu, kama watu wawili katika njia nyembamba, mmoja anakwenda sokoni na mwingine anarudi.» Akaniuliza kama damu na maji vitachanganyika. Nikasema hapana, katikati kuna ukuta mwembamba. Akafikiri kidogo, akakubali.

Simlaumu katekista. Hakuna aliyemfundisha neno hilo. Na mimi, kama ningeulizwa ghafula bila kuona mashini, ningesema «kinyume cha mkondo», na yule mama asingefahamu zaidi. Kwa hiyo naona si kazi bure kulitazama neno hili moja kwa utulivu, maana wanafunzi wa seminari ndogo wanalikuta katika vitabu vya fizika na vya biolojia, mapadri wanalitumia katika mahubiri, na makatekista ndio wanaosumbuliwa kuligeuza.

Tuanze na Kilatini chetu. «Courant» inatoka katika «currere», kukimbia. Ni maji yanayokimbia, ao hewa, ao damu, ao umeme. Sehemu hii haina shida: ni mkondo. Shida iko katika «contra». Sisi tukisikia «contra» twafikiri mara moja vita na ubishi, kwa sababu tumezoea kusoma vitabu vilivyoandikwa «contra» wazushi fulani. Lakini maana yake ya kwanza si ugomvi. Maana yake ni «kuelekeana, uso kwa uso». Mlima Nebo, alikofia Musa, Vulgata inasema uko «contra» Yeriko. Wala mlima haukupigana na mji. Unautazama tu, toka ng'ambo ya Yordani. Kifaransa nacho kimeongeza maana nyingine: kitu kilicho «contre» ukuta ni kitu kinachougusa ukuta. Basi shikeni mambo haya mawili, kuelekeana na kugusana. Wenye elimu walipolichagua neno hili walihitaji yote mawili pamoja, na ndiyo sababu neno «vita» linaharibu kila kitu.

Watu wa kawaida wanalitumia neno hili kwa namna mbili. Ya kwanza ni ya mto na ya bahari. Katika mto wenye nguvu, nyuma ya jiwe kubwa ao kando ya ukingo, maji hugeuka na kurudi juu kidogo. Wapiga kasia wanalijua jambo hili bila kwenda shule: wakipanda mto hawakai katikati, wanautafuta ukingo, pahali maji yanapolegea ao yanaporudi. Katika bahari kubwa iko mikondo ya namna hiyo yenye urefu wa maelfu ya kilometri. Karibu na ikweta mikondo miwili mikubwa inasukumwa na pepo kwenda magharibi, na katikati yao uko mmoja unaorudi mashariki. Wanajiografia wanauita «contre-courant» wa ikweta. Hapa neno ni jina la mkondo mmoja unaorudi. (Kila mwaka mwanafunzi huuliza kama maji ya Yordani yaliyosimama mbele ya Yosua yalikuwa hivyo. Hapana. Maji yaliyosimama hayana mkondo hata mmoja.)

Namna ya pili ni ya mtu anayekwenda kinyume cha mkondo, kama samaki anayepanda mto. Hapa mkondo ni mmoja tu, na mtu ndiye anayepingana nao. Wahubiri wanaipenda sana namna hii: mkristu anakwenda kinyume cha dunia. Sina neno juu ya mahubiri hayo. Lakini padri ajue kwamba akihubiri hivyo, amechukua neno la mwogeleaji, si la fizika. Mmoja wa wenzetu alitaka kuongeza elimu katika mahubiri yake, akasema mkristu apingane na dunia «kama wanavyofundisha wataalamu wa contre-courant». Maskini, alisema kinyume cha alichotaka, maana katika elimu ile mikondo miwili hukutana ili ipeane vitu.

Sasa tufike katika elimu yenyewe. Wazia mabomba mawili yaliyolala pamoja, ukuta kwa ukuta, kama ndugu wawili katika mkeka mmoja. Katika moja yanapita maji ya moto yenye digri 80. Katika la pili maji ya baridi yenye digri 20, kwa kiasi kilekile. Joto linavuka ukuta toka kwenye moto kwenda kwenye baridi. Kama maji yote mawili yanakwenda upande mmoja, mwanzo wake ni mzuri sana: 80 karibu na 20, tofauti kubwa, joto linavuka kwa haraka. Lakini wa moto anapoa na wa baridi anapata moto, mpaka wote wawili wafike digri 50. Hapo yamekwisha. Hata ukiongeza bomba mpaka kijiji cha pili, hakuna kitakachovuka tena, kwa kuwa hakuna tofauti.

Ugeuze mkondo mmoja tu. Maji ya moto yaingie kushoto, na ya baridi yaingie kulia. Sasa maji ya baridi, kadiri yanavyopata moto, yanakutana na maji yenye moto zaidi, kwa sababu yanakwenda kuelekea kisima cha moto. Na maji ya moto, kadiri yanavyopoa, yanakutana na yenye baridi zaidi. Kwa mabomba marefu ya kutosha, maji ya moto yataingia na digri 80 na kutoka na digri 30, na yale ya baridi yataingia na 20 na kutoka na 70. Fanyeni hesabu pahali popote katika bomba: 80 mbele ya 70, 60 mbele ya 50, 30 mbele ya 20. Tofauti ni digri 10 toka mwanzo mpaka mwisho. Si kubwa, lakini haiishi. Maji yaliyokuwa ya baridi yametoka na moto kupita yale yaliyokuwa ya moto! Wanafunzi wangu hawakukubali jambo hili mpaka walipoliandika ubaoni kwa mikono yao, na nawashauri walimu wafanye vilevile. Mabomba ni yaleyale, maji ni yaleyale. Kilichobadilika ni upande wa kuingilia tu.

Ambaye hana bomba anaweza kuona neno hili katika beseni. Wakati wa kiangazi, maji yakiwa haba, mama mwenye akili hufua kwa beseni tatu. Nguo zinatoka katika beseni ya kwanza, zinakwenda ya pili, kisha ya tatu. Maji safi anayamwaga katika ya tatu tu. Yakichafuka kidogo anayapeleka katika ya pili, kisha katika ya kwanza, na toka pale yanatupwa. Nguo zinakwenda huku, maji yanakwenda kule. Nguo iliyo karibu kuwa safi inakutana na maji safi kabisa, na nguo chafu inakutana na maji ambayo hata hivyo yangetupwa. Kama angefanya kinyume, maji safi katika beseni ya kwanza na yale machafu katika ya tatu, nguo zingetoka na uchafu wa nguo za kwanza.

Ndugu zetu wa Katanga, kazi hii ya beseni tatu mnayo mbele ya macho. Katika viwanda vya shaba na kobalti vinavyotumia asidi, kama vile Tenke-Fungurume, mawe yaliyosagwa yanatiwa katika asidi, na shaba inayeyuka ndani ya maji. Inabaki tope, na katikati ya tope bado yamo maji yenye shaba; kuyatupa ni kutupa mali. Basi tope linapitishwa katika matangi makubwa ya duara, moja baada ya lingine. Tope linazama chini na kusukumwa kwenda tangi linalofuata; maji ya kuoshea yanaingia katika tangi la mwisho na kurudi nyuma kuelekea la kwanza, yakizidi kujaa shaba kila hatua. Ni beseni za mama yule, ila zina upana wa kiwanja.

Na tusidhani kwamba jambo hili limekuja na mashini. Wahenga wa Katanga, wale walioitwa «walaji wa shaba», walijenga tanuru ndogo kwa udongo wa kichuguu. Makala ya miti yalikaa chini, malakiti, lile jiwe la kijani, juu yake, na mivukuto ilipuliza hewa toka chini. Moto na hewa yake vilipanda. Jiwe lilishuka kidogo kidogo, likapata joto njiani, likayeyuka, na shaba ikadondoka katikati ya makala mpaka chini. Kile kinachoshuka na kile kinachopanda vilipishana katika tanuru moja. Monsinyori de Hemptinne, mbenedikto, aliandika juu ya kazi hiyo mwaka 1926, na wenye kusoma Kifaransa wafanye vema kuitafuta maandiko yake. Wazee hawakuwa na neno «contre-courant». Walikuwa na kitu chenyewe.

Viumbe vyenye uzima ndivyo vinavyotumia ginsi hii kwa ustadi kupita viwanda vyote. Chukueni samaki yeyote wa Tanganyika, mumfungue matamvua, yaani mashavu yale mekundu. Samaki ana shida ambayo sisi hatuna. Litre moja ya hewa ina oksijeni mara 30 hivi kupita litre moja ya maji, tena maji ni mazito kuyavuta. Kama damu ya samaki ingekwenda upande mmoja na maji, ingefika nusu na kusimama, kama zile digri 50. Lakini katika matamvua maji yanatoka kinywani kwenda nje, na damu katika mishipa myembamba inakwenda kuyaelekea. Damu inayotoka, iliyokwisha kujaa, inakutana na maji mapya. Maji yanayotoka, yaliyokwisha kunyang'anywa, yanakutana na damu yenye njaa bado. Ndiyo maana samaki wengine huweza kutoa karibu oksijeni 80 kwa mia iliyomo katika maji. Wataalamu walijaribu kuyageuza maji yapite nyuma mbele katika matamvua. Samaki alipata oksijeni kidogo sana, ingawa maji yalikuwa yaleyale na matamvua yaleyale.

Nani asiyejua mbuzi? Chini ya ubongo wake mko mishipa midogo iliyosukwa kama wavu, ambayo tangu zamani inaitwa kwa Kilatini «rete mirabile», wavu wa ajabu. Galeno, mganga wa zamani, aliuona katika wanyama akafundisha kwamba na mtu anao. Watu wakamwamini miaka zaidi ya elfu, mpaka Vesalius, mzaliwa wa Bruxelles, alipoonyesha katika kitabu chake cha mwaka 1543 kwamba mtu hana. Mbuzi anao, na kazi yake ni nzuri: damu iliyopozwa puani inarudi kando ya damu ya moto inayopanda kwenda kichwani, ikaipunguzia joto, na ubongo haupati moto mwingi mnyama akikimbia juani.

Figo ni habari ngumu zaidi, na hapa neno linapata maana nyingine ambayo wanafunzi huichanganya na ile ya kwanza. Ndani ya figo vimo vifereji vidogo vyenye kona kali, vinashuka na kupanda tena karibu karibu, kama herufi U. Henle, mwalimu wa Ujeremani, alivieleza mwaka 1862, na vinaitwa kwa jina lake. Miaka 80 ikapita bila mtu kufahamu kona ile ni ya nini. Mwaka 1942 Werner Kuhn, mtaalamu wa kemia huko Basel, akatoa wazo lake. Upande unaopanda unasukuma chumvi nje bila kuacha maji yatoke. Upande unaoshuka unaacha maji yatoke. Kila hatua tofauti inayofanywa ni ndogo. Lakini kwa kuwa mikondo miwili inapishana, tofauti ndogo ya hatua hii inaongezwa juu ya ile ya hatua iliyotangulia, mpaka penye kona, chini kabisa, chumvi inafika karibu mara nne ya ile ya damu. Chumvi hiyo ndiyo inayonyonya maji ya mwisho toka katika mkojo. Figo zetu zinachuja litre 180 hivi kila siku, na tunatoa mkojo wa litre moja na nusu tu. Sehemu kubwa hurudishwa mapema, kabla ya kona; kazi ya kona ni ile ya mwisho, ya kukaza mkojo mtu asipopata maji ya kunywa. Basi, katika bomba na katika matamvua mikondo inapeana kilichopo. Katika figo inazidisha. Mwalimu asiseme mambo hayo mawili kwa pumzi moja.

Turudi kwa mzee wetu. Chujio la mashini ile ni mrija mnene kama mkono wa mtoto, na ndani yake zimo nyuzi elfu nyingi, kila uzi una tundu katikati. Damu inapita ndani ya nyuzi, maji ya dawa yanapita nje yake upande wa pili, nusu litre kila dakika, kwa muda wa saa nne. Ni litre 120 kwa mara moja. Maji hayo yametiwa chumvi zilezile za damu, ili yachukue uchafu bila kuipokonya damu chumvi yake. Damu inayokaribia kutoka, iliyokwisha kusafishwa, inakutana na maji ambayo hayajachafuka; hata uchafu mdogo uliobaki unapata pahali pa kwenda. Infirmie akikosea na kufunga mipira nyuma mbele, mashini haisimami, lakini inasafisha kidogo zaidi, na mgonjwa ndiye anayelipa.

Kosa la namna hiyo nimelifanya mimi mwenyewe, si kwa mgonjwa, asante Mungu. Nilipofundisha katika seminari ndogo, niliwaonyesha wanafunzi ginsi ya kutonesha maji. Mvuke unapita katika bomba la kioo, na maji ya baridi yanapita nje yake. Nilifunga mpira juu badala ya chini. Maji yakateremka upande mmoja bila kulijaza bomba la nje, yakapiga kioo pahali penye moto mwingi, na kioo kikapasuka mbele ya darasa zima. Kusema kweli, mfano huu ulio katika vitabu vyote si mzuri sana. Mvuke unaogeuka maji unakaa na digri 100 njia yote, kwa hiyo upande wa mkondo hauongezi kitu kikubwa. Sababu kubwa ya kuingiza maji chini ni kulijaza bomba. Afadhali kufundisha kwa beseni.

Basi tuseme nini kwa Kiswahili? Mimi naona neno moja halitoshi. Kwa maji yanayorudi nyuma ya jiwe, tuseme «mkondo wa kurudi». Kwa mtu ao samaki anayepanda mto, «kinyume cha mkondo», kama tulivyozoea. Na kwa elimu, «mikondo ya kupishana». Wengine kwetu husema «kupitana», na ni sawa. Neno hili lina uzuri wake, maana anayempisha mwenzake yuko karibu naye, anamwelekea, na hagombani. Nimesikia «mikondo pinzani». Silipendi, kwa ajili ya yule mama. Nimesikia pia «mikondo ya kubadilishana». Hilo linasema tunda lakini halisemi upande, na mikondo inayokwenda pamoja nayo hubadilishana mpaka ifike nusu.

Kwa kazi ile ya figo, ya kuzidisha, bado sijapata neno la kunitosha. «Kuzidisha kwa kupishana» ni refu, na wanafunzi wanafikiri ni hesabu. Wasomaji wanaokaa kando ya Lualaba na kando ya Tanganyika wawaulize wavuvi na wapiga kasia kama wana jina kwa maji mawili yanayopishana karibu karibu. Wenye kulipata watuandikie, pamoja na jina la kijiji na lugha lilikotoka.